Saa ya Baba na Kinu cha Sombe

Saa ya mkononi ya baba yangu ilikuwa nyuma kwa saa nzima, na ole wake aliyethubutu kumwambia imechelewa. Tulipoingia Uganda, mimi nikiwa bado mtoto wa kubebwa mgongoni, watu wazima wote kwenye lori lile walisogeza mishale ya saa zao mbele, maana Kivu ya Kusini tulikotoka na Uganda hazisomi saa ileile: kwetu ikiwa saa kumi na mbili jioni, huku tayari ni saa moja. Baba peke yake alitia mkono mfukoni akatazama pembeni. Tukapewa shamba Juru, kwenye makazi ya wakimbizi, nyumba ikajengwa, mimi nikaanza shule nikaimaliza, na ile saa ilikuwa bado inaishi Kivu.

Mama alinunua saa ya ukutani ya plastiki, yenye picha ya jogoo, akaiweka kwenye saa ya Uganda, kwa sababu yeye ndiye aliyetuamsha kwenda shule na kuwahi foleni siku ya mgao. Kwa hiyo nyumba yetu ilikuwa na saa mbili zisizolingana, na mgeni akiuliza ni saa ngapi alijibiwa na watu wawili kwa pamoja.

"Hazigombani," baba alikuwa akisema. "Zinaimba. Ile ya jogoo ni sauti ya kwanza. Hii yangu njo sauti ya pili."

Hapa lazima nieleze, maana bila hili hamtamwelewa. Baba alikuwa kiongozi wa kwaya kule kwetu, na Juru pia akawa kiongozi wa kwaya, akilima maharagwe na mahindi siku zisizo za mazoezi. Na alikuwa na elimu yake mwenyewe kuhusu wakati. Sijui aliipata kwa nani. Nadhani aliipata kwenye ubao wake. Alikuwa na ubao mrefu wenye msumari huku na msumari kule, na kati ya misumari amekaza waya wa breki ya baiskeli. Alikuwa akiupiga ule waya kwa kidole, anatuita sisi watoto, na kutuhubiria.

"Batu banasema wakati unatembea," alituambia. "Unatembea unaenda fasi gani? Hauendi popote. Unatetemeka. Kama huu waya. Huku umefungwa siku ulizaliwa, kule umefungwa siku utakufa, na katikati unatetemeka tu."

Kisha anaupiga wazi: noti ya do. Anaubana katikati kabisa, anapiga tena: do ile ile, lakini nyembamba, imepanda juu. Hapo macho yake yalikuwa yanang'aa. "Munasikia? Haikupita. Imerudi, lakini juu." Ndivyo alivyoelewa maisha. Kicheko cha mama yake kilirudi kwa mdogo wangu wa kike. Mvua nzuri ya ujana wake ilirudi Juru mwaka fulani tulipovuna mpaka magunia yakakosekana. Hakuna kilichopita, vitu vilikuwa vinarudi vikiwa vimepanda.

Halafu alikuwa anabana waya penye theluthi mbili. Hapo inatoka sol. Sol aliipenda kuliko zote. Alisema do inapotetemeka mara mbili, sol inatetemeka mara tatu, kila moja inakwenda kwa mwendo wake, lakini kuna pahali zinagusana, na mguso huo ndio utamu wenyewe. Sisi watoto tulisema ndiyo baba, tukakimbia kucheza. Mimi nilikuwa wa kwanza kukimbia. Nimezaliwa na haraka, hata mama anasema nilitoka kabla mkunga hajanawa mikono.

Ile saa ya Kivu ilikuwa na sababu yake, na sababu hiyo ilikuwa bibi yangu, mama mzazi wa baba. Alikataa kuondoka kwake, milimani juu ya ziwa. Baba alimwachia saa ya ukutani ya nyumba yetu, wakapatana: kila jioni, saa kumi na mbili za kule, kila mmoja mahali alipo ataimba ule wimbo wa jioni wa nyumbani kwao, yeye sauti ya kwanza, mama yake sauti ya pili. Basi kila jioni baba aliitazama saa yake, akatoka nje, akaimba. Alikuwa akiacha nafasi kidogo mwishoni mwa kila mstari, pale sauti ya pili inapomalizia. Mama yangu akipita na sufuria alikuwa akimwambia, "Si uangalie tu jua? Jua ni moja." Baba aliendelea kuimba. Kwake jua halikuwa na mishale.

Juru nzima ilimzoea. Mazoezi ya kwaya yakitangazwa, lazima mtu mmoja aulize, "Saa ya kwaya ao saa ya serikali?" Kuna bwana harusi mmoja aliyekaa kanisani peke yake na suti yake saa nzima, akidhani amekataliwa, kumbe kwaya yote na bibi harusi walikuwa wanafuata mkono wa baba yangu. Yule bwana mpaka leo akikutana na baba njiani anamwonyesha saa yake na kucheka.

Mimi nilikwenda Mbarara kushona. Nilipanga chumba Kakiika, cherehani nikaiweka kwenye kibaraza cha duka mjini, na nikajifunza kuishi kwa saa moja tu, ile ya wateja. Nilifurahi sana kuondokana na elimu ya wakati. Mtu akisema nguo iwe tayari saa tisa, inakuwa tayari saa nane na nusu, na akichelewa kuja namsema.

Huko ndiko alikonikuta mtu wangu. Ni mwenyeji wa Biharwe, anakusanya maziwa kwa wafugaji na kuyaleta mjini kwa pikipiki, madebe mawili huku na mawili kule. Alifika na suruali iliyochanika goti.

"Nyabo, wewe saidia mimi," alisema, maana kwao mwanamke huitwa hivyo kwa heshima. "Maziwa hapana ngoja mtu."

Nikasema moyoni, Mungu wangu, hatimaye mtu mwenye haraka kama mimi. Nilikosea kabisa. Huyu mtu hana haraka hata chembe. Siri yake ni kwamba anaamka mapema mno, ili siku nzima aende polepole. Anakunywa chai polepole, anafunga madebe polepole, hata kunitongoza alinitongoza polepole mpaka nikamsaidia kumalizia sentensi. Nilimpenda kiasi cha kuniudhi.

Tulipopatana, kilichobaki kilikuwa baba. Hapa niseme wazi nilichokuwa nakitaka, maana nilikitaka kwa moyo wangu wote. Nilimtaka mtu huyu, na nilitaka baba aimbe harusini kwangu. Namjua baba. Asiporidhika hatakuzuia, atakuja, atakaa kiti cha mbele amefunga mdomo. Na kwaya yetu bila baba ni kelele za watu waliovaa sare.

Na baba alikuwa na mtihani wake. Wachumba wote wa Juru waliomwendea awaimbie aliwapeleka kwanza kwenye kinu. Majani ya muhogo yanamwagwa ndani, kila mmoja anapewa mchi, wanatwanga sombe pamoja kwa kupokezana, na yeye anakaa pembeni amefumba macho anasikiliza. Alisema ndoa ni nyakati mbili katika chombo kimoja, na kama zimepatana, kinu kitasema. Watu walicheka, lakini walitwanga. Wengine aliwarudisha wajaribu tena baadaye. Mama mmoja wa kwaya alitwanga na mchumba wake mpaka msimu ukaisha, na leo wana watoto wengi mpaka hawana pa kuwalaza.

Siku ya utambulisho tulipanga saa nne asubuhi. Mtu wangu alifika Juru saa nne kamili, shati jeupe, viatu vimepigwa kiwi, ana kibuyu cha maziwa mkononi. Baba alikuwa shambani. Kwenye mkono wake ilikuwa saa tatu. Mama alikuwa na mikono ya unga, na mbuzi wa mgeni alikuwa bado anakula nyasi zake kwa amani. Baba alitokea kwenye mahindi na jembe begani, tope mpaka magotini, shati limetoboka mgongoni, akakutana uso kwa uso na mkwe. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

"Muzee, mimi nafurahi kuona wewe," alisema mtu wangu, akapiga goti mpaka chini, kiwi na tope vikachanganyika.

"Umekuya mbio," baba alimwambia.

"Hapana muzee. Mimi nakuja polepole."

Chakula kililiwa, hadithi zikapigwa, kisha kinu kikaletwa uani. Majirani walikuwa wamejipanga ukutani. Mtu wangu alishika mchi kwa mikono miwili, akauinua, na tangu pigo la kwanza nikajua tumekwisha. Mimi nilikuwa nimeshapiga mara mbili yeye bado anashuka. Michi iligongana hewani. Tukaanza upya, ikagongana tena, majani yakaruka, shati jeupe likawa na madoa ya kijani kuanzia kola. Watoto walikuwa wanapiga makofi kwa furaha. Baba alifumbua macho.

"Nasikia batu babili," alisema. "Wimbo sijasikia."

"Baba!"

"Siseme hapana. Nasema bado."

Nilipandwa na hasira mbele ya wageni. "Baba, wenzangu wanaolewa kwa ng'ombe, wewe unaniozesha kwa sombe?"

"Ng'ombe inakufaka," alijibu, akaenda kuoga.

Tukapanda pikipiki kurudi Mbarara. Nilikuwa nangoja mtu wangu aseme yameisha, akatafute msichana ambaye baba yake ana akili za kawaida. Tulipofika karibu na mji akapunguza mwendo wa pikipiki.

"Nyabo," aliuliza, "ile kinu, mtu nanunua wapi?"

Nilimkumbatia kwa nguvu tukatoka nje ya barabara.

Kinu tulikipata, na mazoezi yakaanza uani kwangu Kakiika, kila alipomaliza maziwa. Mke wa mwenye nyumba alidhani nimefungua biashara, akaja na sufuria kuulizia. Sikuwa na la kufanya na lundo lile la sombe, nikamjazia. Kesho yake wakaja wengine wawili. Baada ya muda upande ule wote wa Kakiika, watu wa matoke tangu kuzaliwa, walikuwa wanakula matoke na sombe na kunisifia mkono wangu. Mtu wangu mwenyewe alianza kunenepa.

Lakini kupatana, hapana. "Harakisha!" nilimwambia. "Wewe punguza," alijibu. Nikipunguza mikono inawasha. Yeye akiharakisha anapiga ukingo wa kinu. Tulikuwa tunaanza kwa kupokezana vizuri, pigo langu, pigo lake, na kabla majani hayajalainika mimi nimeshamwacha nyuma. Tulikuwa tunagombana, tunacheka, tunakula sombe, tunalala kila mtu kwake. Nikiwa peke yangu kwenye cherehani nilikuwa naogopa. Nilianza kujiuliza kama baba hakusikia kitu cha kweli.

Kisha baba akapiga simu. Alikuwa amepanga jambo. Jumamosi iliyofuata ilikuwa siku ya gulio kule kwetu Kivu. Bibi angeshuka kutoka mlimani mpaka penye mtandao, kwa jirani mwenye simu, ili amsikie mkwe. "Mukuye saa ine," baba alisema. "Tutasikiliza tena."

Asubuhi ya Jumamosi mtu wangu alikuja kunichukua akanionyesha mkono wake. Saa yake, ile anayopimia maziwa, ilikuwa nyuma kwa saa nzima.

"Nimeweka saa ya muzee," alisema. "Leo hapana kuta yeye na tope."

Nilimpenda mara mbili. Tukaondoka taratibu, tukanywa chai njiani, tukanunua mkate, tukamwacha kila mtu atupite. Tulijiona wenye hekima wa dunia nzima. Tuliingia uani kwa baba saa nne kamili za Kivu, tukicheka.

Baba alikuwa amekaa mlangoni kwenye kiti, amevaa koti la kwaya, tai imekaza shingo, jasho linamtiririka. Kinu kilikuwa mbele yake, majani yamenyauka. Alituangalia kama mtu aliyeamshwa.

Mama alinivuta kando.

"Tangu asubui anakaa pale," alininong'oneza. "Anasema mumekasirika, hamukuye tena. Anasema amekupoteza juu ya sombe."

"Lakini tumefika kwa saa yake!"

"Saa gani? Ameisukuma mbele jana magaribi. Alikaa nayo jikoni, akaishika vile unashikaka kifaranga. Mimi nikajifanya sione."

Niliangalia mkono wa baba, nikaangalia jogoo ukutani. Zilikuwa zinasema kitu kimoja. Miaka yote ile, hata serikali haikuweza, hata mchungaji hakuweza, na sasa ameisogeza ili mtu wa maziwa asimkute na tope. Nikajua amefanya nini: ameiacha saa ya mama yake kwa ajili yangu. Nililia palepale uani, na wakati huohuo nilikuwa nacheka, kwa sababu mtu wangu alikuwa amemwonyesha baba mkono wake, baba amemwonyesha wake, na wote wawili wamesimama wanasoma mikono kama watu wanaonunua bangili.

"Kwa hiyo leo weye njo uko Kivu," baba alisema.

"Ndiyo muzee. Na wewe iko Uganda."

"Basi tutwange," baba akasema, na sauti yake haikuwa sawa.

Tulishika michi. Nilikuwa na woga, na nikiwa na woga haraka yangu inazidi. Tulianza kwa kupokezana kama tulivyojifunza, pigo langu, pigo lake, na hatukufika mbali. Nikamwacha. Nilijaribu kurudi nikashindwa, na yeye, Mungu ambariki, hakubadilisha kitu. Alikuwa anapanda na kushuka kwa mwendo wake wa madebe. Nikasema basi, potelea mbali, nikatwanga kama ninavyotwanga mimi. Michi haikugongana. Mimi napiga, napiga, yeye anapiga, na kila baada ya muda tunashuka pamoja, dum, halafu kila mtu anakwenda zake, halafu tena pamoja, dum. Sikuwa na nafasi ya kufikiri. Nilikuwa nangoja tu baba aseme bado.

Simu ikalia katikati. Baba aliipokea, akaweka spika, akaiegesha kwenye kigoda karibu na kinu. Alitupungia mkono tusiache.

"Mama," alisema, "mbele ya yote, unisamehe. Nimeisogeza ile saa."

Sauti ya bibi ilikuja na upepo wa gulio na kelele za mbuzi. "Saa gani?"

"Saa yangu. Ya jioni. Ya kuimba."

"Unaimbaka na saa?"

Baba aliinamia simu. Sisi tulikuwa tunaendelea kutwanga. "Na ile ya ukutani nilikuachia, mama?"

"Ile? Ilikufaka ule mwaka mulienda. Niliifungua tumbo, naweka mbegu ya maharagi mule ndani. Panya haiingiake."

"Sasa jioni unaimbaka saa ngapi?"

"Jua ikienda kulala, mwanangu. Saa gani tena?"

Mama yangu, mlangoni, alipiga makofi mara moja kwa nguvu. "Nilisema!" alipaza sauti. "Nilisema jua ni moja! Jua ni moja!" Majirani wakaanguka kwa kicheko. Baba alijishika kichwa. Nilidhani ameumia, kumbe naye anacheka, mabega yanaruka, machozi yanashuka kwenye tai. Miaka yote hiyo alikuwa anamngojea kwa mshale, na mshale ulikuwa umelala chini ya maharagwe, na bado hawakuachana hata jioni moja, kwa sababu jua la Juru na jua la mlima ule yanashuka karibu pamoja.

"Mama," alisema alipoweza, "tulikuwa tunaimba pamoja."

"Ndiyo. Ulifikiri namna gani?" bibi alijibu. Kisha akanyamaza kidogo. "Lakini ngoja. Nani anatwanga?"

"Mujukuu na mukwe wako. Bado hawajapatana."

"Hawajapatana? Uko na masikio? Na marehemu baba yako tulikuwa tunatwanga vile. Batu balikuwa banamucheka, mwanaume na mutwangio mukononi. Alikuwa muzito, anashuka mara mbili, mimi mara tatu. Weye ulikuwa unalala mugongoni kwangu kwa ile sauti. Tukibadirisha, unalia."

Baba alisimama. Alikuja mpaka kwenye kinu, akainama, akaanza kuhesabu kwa kichwa, midomo inatembea. Tatu zangu, mbili zake, mguso. Tatu, mbili, mguso. Alifumba macho, na mdomo wake ukafunguka, na kitu kilichotoka hakikuwa ndiyo wala hapana. Kilikuwa do. Aliishika do ile ndefu, na kwenye simu, kutoka penye mbuzi na upepo, bibi akajibu na sol yake. Nilitwanga huku naona ukungu. Sijawahi kuwa na furaha kama ile, na sombe ile ililainika mpaka ikawa uji, maana hakuna aliyetaka kuacha.

Ndiyo yenyewe aliisema baadaye, mdomo umejaa bugali, kama mtu anayekumbuka jambo dogo. "Muende muoane. Nitaimba."

Wakati wa kuondoka baba alimwita mtu wangu kando ya pikipiki. Alikuwa anataka kurudisha saa yake Kivu, na mtu wangu alikuwa anahitaji kurudisha yake Uganda kwa ajili ya maziwa ya kesho. Baba alitazama mkono wake, akatazama wa mwenzake. Akafungua mkanda. Mtu wangu akaelewa, akafungua wake. Wakabadilishana, na hakuna aliyegusa mshale.

"Muzee, sasa unajua mama yako naangalia jua," mtu wangu alisema. "Kwa nini unataka saa ya Kivu?"

"Juu nimeizoea," baba alijibu. "Na juu nyumba inataka sauti mbili."

Tulifunga ndoa Mbarara. Nusu ya kwaya ilikuja kwa saa ya kwaya na nusu kwa saa ya serikali, waliowahi wakaimba nje wakiwangoja waliochelewa, na ndugu wa mume wangu kutoka Biharwe walidhani ndivyo Wakongo tunavyofanya, wakapendezwa sana. Baba aliimba mpaka sauti ikakauka.

Mwaka uliofuata mama mmoja mfanyabiashara alivuka mpaka na kifurushi kutoka kwa bibi. Ndani ya kitambaa kulikuwa na mbegu za maharagwe, zile zile za kwenye saa, na ujumbe wa mdomo kwamba zimechoka kukaa gizani. Baba alizipanda Juru, mstari wa peke yake karibu na nyumba. Mwezi uliopita mama alituletea mavuno yake Kakiika kwenye mfuko. Niliyachemsha jioni, nikaweka na sombe. Baba alikuwa kwenye simu, jua linashuka, anaimba sauti ya kwanza, na mume wangu amekaa juu ya debe tupu, saa ya zamani ya baba mkononi, anajaribu sauti ya pili na kuiharibu.

"Anaharibu," nilimwambia baba.

"Muache," alisema. "Mama kule mulimani atairekebisha."

Nilionja maharagwe. Yalikuwa hayajaiva. Nikavuta kigoda, nikakaa, nikayangojea.